Sauti Iliyosema Vuka

Vijana walioshika nafasi yangu wameniomba niwaandikie jinsi kazi ilivyokuwa. Habari za vyeo nitaziacha. Nilikuwa na cheo kimoja tangu mwanzo hadi mwisho, na aliyenipa alikosea tahajia ya jina langu kwenye barua. Nitaandika yale ambayo hayamo katika kitabu cha mafunzo.

Kwa asiyeijua kazi yenyewe, maelezo ni mafupi. Ndege kabla ya kuruka hutembea ardhini kwa magurudumu kama gari. Inapita vijia vilivyopewa majina ya herufi, Alfa, Bravo, Charlie, na sisi huviita taksiwei. Rubani akiwa chini haoni mbali, na siku ya ukungu haoni kitu, kwa hiyo yuko mtu mnarani anayemwambia geuka hapa, simama pale, sasa vuka barabara ya kurukia. Mtu huyo ni mwongoza ndege. Nilikuwa mwongoza ndege miaka kumi na tisa kwenye uwanja mkubwa, mbali na kwetu. Kisha mama akaugua, nikarudi Uriri, na kwa miaka kumi na moja nikaongoza ndege katika chuo kidogo cha Homa Bay ambacho hakikuwa na ndege hata moja. Kilikuwa na simuleta, mashine ya kuigiza safari ya ndege.

Jengo la chuo liliwahi kuwa ghala la barafu ya samaki. Siku za joto kali kuta zilitoa harufu ya mbuta waliokwisha kuliwa zamani. Siku yangu ya kwanza nilipokewa mlangoni na Mzee Okumu, fundi aliyejenga ile simuleta kwa mbao, vyuma chakavu na subira. Alikuwa ameshika vipokea sauti vimefungwa kwenye taulo kama mtoto aliyetoka kuogeshwa.

"Wewe ndiye wa mnara?" akaniuliza.

"Ndimi, Mzee."

"Huko ulikotoka ulikuwa unaziona ndege?"

"Kupitia dirishani, ndiyo."

"Basi sahau dirisha. Hapa utaona nukta."

Akanionyesha. Upande mmoja wa ukuta kulikuwa na kibanda kama chumba cha rubani, chenye usukani, kanyagio na skrini tatu kubwa. Mwanafunzi akikaa humo anaona uwanja mzima mbele yake, pamoja na hali ya hewa utakayomchagulia. Upande wa pili kulikuwa na chumba changu: kiti, meza, kitufe cha kusemea, na skrini yenye ramani ya taksiwei kwa mistari ya buluu. Mwanafunzi kwangu alikuwa nukta ya kijani. Ndege nyingine, zile zinazoendeshwa na kompyuta, zilikuwa nukta nyekundu. Mimi simwoni mwanafunzi, yeye hanioni. Kinachovuka ukuta ni sauti tu.

Mzee Okumu hakuwahi kuongoza ndege halisi, lakini alinifundisha mambo mawili ambayo mnara mkubwa haukunifundisha. La kwanza ni karatasi. Kila agizo uliandike kwenye kipande cha karatasi, pamoja na saa, kabla ya kubonyeza kitufe. "Mdomo una haraka," alisema. "Kalamu haina." La pili ni kutomwonea haya mwanafunzi asiyerudia agizo. Kanuni ya redio ni kwamba ukiagizwa, unarudia agizo lile lile neno kwa neno. Asiporudia, hesabu kwamba hakusikia, hata kama unajua amesikia.

Redioni tunazungumza Kiingereza, lakini hapa nitaandika yote kwa Kiswahili, maana nimeshastaafu na hakuna wa kunikataza.

Wanafunzi wa mwanzo walikuwa wagumu kwa namna ambazo hazimo kitabuni. Mmoja alikuwa mtoto wa mchungaji kutoka upande wa Migori. Alikuwa na adabu kupita kiasi. Nikimwita, alianza: "Habari ya asubuhi, mnara. Habari ya nyumbani? Wote wazima?" Nikamwambia kwamba mnarani hakuna nyumbani. Akaomba radhi, kisha akauliza kama nimelala salama. Ilichukua mwezi mzima kumfundisha utovu wa adabu unaohitajika.

Mwingine alikuwa ameendesha bodaboda mjini Migori miaka minne. Nilimwamuru asimame nyuma ya ndege mbili zilizopanga foleni. Nukta yake ya kijani ikapenya katikati yao, ikaibuka mbele.

"Nimekwambia simama!" nikafoka.

"Mwalimu, nafasi ilikuwepo."

"Mabawa je?"

"Hayo sikuyahesabu."

Naandika haya ili mjue kwamba tulicheka sana mle ndani, kwa sababu nikifika kwenye mengine mtadhani tulikuwa watu wa huzuni.

Mengine ni haya. Uwanja ulio ndani ya simuleta hauna mtu. Una majengo, taa, magari ya zimamoto yaliyoegeshwa, kitambaa cha upepo kinachopepea, lakini waliouchora hawakuchora mwanadamu. Ndege nyekundu zinatua, zinaegesha, na hakuna anayeshuka. Mwanafunzi akikaa humo saa mbili na ukungu umewashwa, anatoka akiwa na sura ya mtu aliyetoka kuona maiti, na chai haimchangamshi. Katika miaka yangu, wanafunzi watatu wasiofahamiana waliniuliza ni nani yule anayesimama pale taksiwei ya Charlie inapokutana na barabara ya kurukia. Wa kwanza nilimcheka. Wa pili nilimwambia macho yamechoka. Wa tatu alipouliza nilikwenda kwa Mzee Okumu, aliyekuwa akifagia sami, wale wadudu wa ziwani wanaokuja kwa mawingu na kufia kwenye mwanga wa skrini.

"Mzee, kuna mtu amechorwa pale Charlie?"

"Hakuna."

"Wanafunzi wanamwona."

Akaendelea kufagia. "Waambie wapite polepole."

Mzee Okumu alistaafu kabla yangu, akaenda kwao. Simuleta ikabaki na mimi.

Sasa nifike kwa Achieng'. Alitoka karibu na Asumbi, alikuwa na miaka ishirini na sita, na alikuwa ameacha kufundisha hisabati ili awe rubani. Mikono yake juu ya usukani ilikuwa mitulivu kuliko ya yeyote niliyewahi kumwongoza. Nukta yake ilifuata mstari wa buluu kana kwamba imefungwa kwa uzi. Tatizo lilikuwa moja. Nikimwita mara ya kwanza, hajibu. Nikimwita mara ya pili, anajibu papo hapo, anarudia agizo bila kukosea hata silabi.

Mtihani wa taksiwei, kama mnavyojua, hufanywa mara tatu tu. Ukishindwa mara tatu unatoka chuoni, na nafasi iliyoanza imehesabiwa, hata umeme ukipotea katikati. Achieng' alishindwa mara ya kwanza kwa kutojibu wito. Akashindwa mara ya pili kwa kosa hilo hilo. Baada ya pale nilimkuta amekaa kwenye ngazi za nje, viatu mkononi.

"Baba ameshaniita rubani mbele ya kanisa zima," alisema. "Walisimama wakapiga makofi. Mwalimu, nikirudi nitapitia njia gani?"

"Tuache kanisa kwanza. Unanisikia nikikuita?"

"Nakusikia vizuri sana."

"Kwa nini hujibu?"

Aliona haya. Kisha akasema amelelewa na dani, yaani bibi yake, na dani aliwafundisha tangu utotoni: ukiitwa na mtu usiyemwona, nyamaza. Aliye mtu ataita tena. Kisicho mtu huita mara moja tu.

Sikumcheka. Mafunzo hayo hayo niliyapata Uriri, na nimeyasikia kwa Wakuria pia. Wengi wetu tumekua tukisubiri wito wa pili, isipokuwa wengi tuliacha tulipopata simu.

"Lakini mimi nipo, nyathina, mwanangu. Unajua ni mimi."

"Najua upo, Mwalimu. Lakini sikuoni."

Basi nikabuni utaratibu. Kabla ya kila zoezi nilikwenda upande wake, nikasimama mbele ya kibanda, akaniangalia usoni, tukapeana mikono. Halafu nikazunguka ukuta, nikakaa, nikabonyeza kitufe. Akajibu wito wa kwanza. Siku iliyofuata akajibu tena. Kwa wiki tatu hakukosa hata mmoja. Nawaachia utaratibu huo. Haugharimu kitu, na hakuna kanuni inayoukataza, isipokuwa siku moja.

Siku hiyo ni ya mtihani. Mtahini alikuja kutoka Nairobi, mtu mwembamba mwenye kalamu tatu mfukoni, asiyependa mzaha. Nilipoinuka niende upande wa Achieng' akanizuia kwa kiganja.

"Mwongozaji na mtahiniwa hawaonani kabla ya mtihani."

"Ni salamu tu, bwana."

"Atakusalimu akimaliza."

Ilikuwa saa nane mchana, jua limewaka mpaka mabati yanalia. Mtahini akaingia kibandani, akakaa nyuma ya Achieng', akavaa vipokea sauti vyake. Mimi nilikuwa peke yangu chumbani kwangu. Kwa maagizo yake niliwasha ukungu mzito kabisa, ule ambao rubani anaona mstari wa manjano ulio chini ya pua ya ndege na hakuna zaidi.

Nikaandika, nikabonyeza, nikaita. Nikahesabu moyoni. Kabla sijafika mbili, akajibu.

Nilitaka kupiga meza kwa furaha. Nikampeleka Alfa, akajibu. Nikamgeuza kulia kuingia Bravo, akajibu. Maagizo kumi na moja, na yote aliyajibu wito wa kwanza. Agizo la kumi na moja lilimpeleka Charlie, asimame kwenye mstari kabla ya barabara ya kurukia, kwa sababu nukta nyekundu ilikuwa inakuja kutua. Alirudia: asimame kabla ya barabara. Nukta ya kijani ikasimama mahali pake hasa.

Nikasubiri ile nyekundu itue. Nakumbuka nilichokuwa nafanya, maana nimeulizwa mara nyingi. Mkono wa kulia ulikuwa na kalamu. Wa kushoto ulikuwa juu ya meza, mbali na kitufe, ukimfukuza sami mmoja aliyekuwa akitembea kwenye ramani. Masikioni mwangu kulikuwa na mvumo wa feni, basi. Nukta nyekundu ikatua, ikapita mbele ya ile ya kijani, ikaenda zake. Nikaandika agizo la kumi na mbili, nikabonyeza: "Sasa vuka barabara ya kurukia." Akajibu mara moja. Akavuka, akaegesha. Mtihani ukaisha. Kwangu ulikuwa mtihani safi kuliko wote niliowahi kuongoza.

Nilizima swichi kuu, nikavua vipokea sauti, nikageuka nikiwa natabasamu. Mtahini alikuwa amesimama mlangoni. Uso wake ulikuwa umepoteza rangi.

"Umekuwa kwenye kazi hii miaka mingapi?" akaniuliza.

"Thelathini."

"Umewahi kuvusha ndege mbele ya ndege inayotua?"

"Hapana. Hata mara moja."

"Umefanya hivyo leo."

Akaweka fomu yake mezani. Alikuwa ameandika kila agizo kwa mwandiko mdogo ulionyooka. Yangu yalikuwa kumi na mawili. Yake yalikuwa kumi na matatu. Kati ya la kumi na moja na la mwisho aliandika: "Vuka barabara ya kurukia mara moja. Mtahiniwa hakujibu. Hakusogea. Ndege inatua mbele yake."

"Hilo si langu," nikasema.

"Ilikuwa sauti yako."

"Tazama karatasi yangu. Halipo."

"Mtu anaweza kusahau kuandika."

"Mimi siandiki baada ya kusema. Naandika kabla."

Tukarudisha mkanda, maana mashine inarekodi redio yote pamoja na sauti za kibandani. Tulisikia maagizo yangu kumi na moja na majibu ya Achieng'. Kisha mvumo wa feni. Tukasikia Achieng' akivuta pumzi na kuishikilia, kama mtu anayesikiliza mlango. Mtahini akaegemea kusikia. Ile pumzi ikaachiwa, na katikati hapakuwa na neno. Halafu nikaja mimi na agizo la mwisho.

Mtahini akarudisha tena, na mara ya tatu. Mkono wake ulikuwa unatafuta kalamu mfukoni ingawa alikuwa ameishika.

"Nimesikia," alisema taratibu. "Nimesikia kwa masikio haya, nikaandika. Siandiki nisichosikia."

"Nami sisemi nisichoandika."

Mwishowe akarudi kwenye kanuni, kama watu wa aina yake wanavyofanya, na simlaumu. Akanieleza kuna njia mbili. Nikikiri kwamba agizo la kuvuka lilikuwa langu, basi nilikosea mimi, naye mtahiniwa kwa kutosogea aliokoa ndege mbili. Atapita. Nikikana, basi kuna sauti iliyoingia redioni ambayo hakuna anayeijua, na mtihani ni batili.

"Na batili inahesabiwa?"

"Nafasi iliyoanza imehesabiwa. Kanuni si yangu."

"Ilikuwa ya tatu."

"Najua."

Sehemu ya mwongozaji katika fomu ile ina mistari miwili tu. Nilikaa nayo muda mrefu. Miaka thelathini sijapeleka ndege mahali ambapo ndege nyingine inakuja, wala ya abiria wala ya mchoro. Hicho ndicho kitu pekee nilichokuwa nacho cha kujivunia, na nilitakiwa kukifuta kwa kalamu ya kuazima. Tena, nikisema kweli, nilianza kujiuliza. Mtu anajua vipi kwamba hakusema? Huwa tunajua tulichosema kwa sababu tunajisikia. Je, kama siku hiyo nilisema na sikujisikia?

Nikaandika: "Niliagiza avuke. Kosa ni langu." Nikatia sahihi. Mtahini akasoma, akakunja fomu, akaondoka bila kumaliza soda aliyoletewa.

Nikazunguka ukuta. Achieng' alikuwa bado kwenye kiti cha rubani, mikono mapajani, skrini tatu zimezimika mbele yake.

"Umepita," nikamwambia.

Hakuruka, hakupiga kelele. Alinitazama usoni, kama tulivyokuwa tukifanya kila asubuhi.

"Mwalimu, nikuulize? Pale Charlie. Uliniambia nivuke?"

"Kwani ulisikiaje?"

"Nilisikia wewe. Sauti yako kabisa, hata ile kukohoa kwako kidogo kabla ya kusema. Nyingine zote nilijibu kwa sababu nilijua uko nyuma ya ukuta. Ile moja..." Akasugua mikono kama mtu anayesikia baridi, na mle ndani tulikuwa tunatoka jasho. "Ile ilikuwa sauti yako, lakini nikahisi nyuma ya ukuta hakuna mtu. Nikanyamaza. Kama hukuwa wewe niambie tu. Ila sitaweza kuvaa vitu hivi tena."

Alikuwa ameshika vile vipokea sauti kwa ncha za vidole. Nikaona kwamba mtihani wenyewe ulikuwa huu, na ule wa fomu ulikuwa maandalizi.

"Nilikuwa mimi," nikasema. "Niliangalia nukta nyingine. Nilikosea, nyathina. Macho ya uzee."

"Kweli?"

"Nimetia sahihi. Kamuulize mtahini."

Akaweka kiganja kifuani, akacheka, akalia kidogo, akacheka tena. "Aah, Mwalimu! Umenitisha, wallahi. Mzee mzima unataka kuniua kwenye mchoro! Nikimwambia Baba atasema umerogwa."

"Mwambie Baba umepita. Hayo mengine yaache hapa."

Mkataba wangu ulibakisha miezi minne. Sikuimaliza. Mwongozaji aliyekiri kosa la namna ile hafai kuendelea kukaa kwenye kiti, na hata kama angefaa, sikutaka tena kusikiliza ule mvumo wa feni. Nilikabidhi funguo, nikapanda gari la Rongo, nikafika nyumbani kabla ya chai ya saa kumi. Achieng' sasa anarusha ndege ndogo, na waongozaji wanaofanya kazi naye wananiambia anajibu kabla hawajamaliza sentensi.

Baadhi yenu mmenipigia simu kuniuliza kama kweli nilikosea. Jibu liko kwenye fomu, na fomu ina sahihi yangu. Sitaongeza wala kupunguza neno.

Ila jambo moja la kazi niwaambie, kwa sababu mmoja wenu juzi alinishukuru kwa kumsaidia mwanafunzi Jumatano, saa nane, siku ya ukungu. Jumatano saa nane nilikuwa shambani Uriri, napalilia mahindi, simu niliiacha nyumbani. Mkisikia sauti yangu humo ndani, msiwaruhusu wanafunzi wavuke.